Kutangua Hiba ya Ardhi Iliyotolewa kwa Sharti

Katika mashauri ya ardhi yanayofikishwa mahakamani, ni machache yanayotia uchungu kama yale ya mzazi na mtoto wake. Mzee mwenye shamba huona nguvu zake zimepungua. Humwita mwanawe, na mbele ya jamaa humkabidhi shamba lote, kwa mapatano kwamba mtoto atamlisha, atamvika na kumuuguza mpaka siku ya kufa kwake. Hati huandikwa, jina la mzee hutolewa katika daftari la ardhi, na jina la mtoto hutiwa mahali pake. Ikiwa mtoto ni mwaminifu, mambo huenda vema na hapana shauri. Lakini ikiwa baada ya miaka miwili mzee ananyimwa hata unga wa ugali, na kuambiwa kwamba nyumba anayolala si yake tena, swali moja huulizwa na kila mtu kijijini: je, mzee huyo aweza kuirudisha ardhi yake?

Watu wengi hujibu upesi. Wengine husema kwamba mpewa hapokonyeki, na kilichokwisha kutolewa kimekwenda. Wengine husema kwamba aliyetoa kwa hiari yake aweza kutwaa kwa hiari yake. Majibu yote mawili yamepungukiwa. Sheria hushika njia ya katikati, na njia hiyo ni nyembamba. Yafaa kila mwenye ardhi aifahamu kabla hajatia sahihi yake, kwa kuwa baada ya sahihi nafasi huwa ndogo sana.

HIBA NI NINI

Hiba ni mali ambayo mtu humpa mwenzake kwa hiari, bila kulipwa chochote, angali hai. Hiba si wasia. Wasia haufanyi kazi mpaka mwenye kuuandika amekufa, na wakati wote wa uhai wake, maadamu akili yake ni timamu, aweza kuubadili au kuufuta. Hiba hufanya kazi papo hapo. Ikiisha kukamilika, mali si ya mtoaji tena. Ni ya aliyepewa, naye aweza kuilima, kuipangisha au kuiuza.

Hapa ndipo penye chanzo cha makosa mengi. Wazee wengi hudhani kwamba wamemgawia mtoto urithi wake mapema, na kwamba neno la mwisho bado ni lao. Kumbe wamefanya jambo jingine kabisa. Wamehamisha milki.

SHERIA ILIYOTOKA BARA HINDI

Kwa muda mrefu sehemu kubwa ya sheria ya hiba katika Kenya ilikuwa ile iliyotungwa katika Bara Hindi mwaka 1882, yaani Sheria ya Uhamisho wa Mali. Waingereza waliileta huku katika enzi ya utawala wao, pamoja na sheria nyingine kadha za Kihindi. Sheria hiyo ilitumika kwa viwanja vya miji mingi na kwa mashamba yaliyokuwa ya walowezi. Katika Kenya ilifutwa mwaka 2012. Katika India yenyewe ingali ikitumika hata leo. Yafaa ielezwe, kwa sababu inaeleza jambo hili kwa maneno yaliyo wazi kuliko sheria nyingi.

Kwanza, sheria hiyo yataka hiba ya ardhi iandikwe katika hati, itiwe sahihi na mtoaji, ishuhudiwe na mashahidi wasiopungua wawili, kisha isajiliwe. Pili, yataka mpewa aikubali hiba wakati mtoaji angali hai. Mpewa akifa kabla ya kuikubali, hiba ni batili.

Kisha kifungu 126 chaeleza ni lini hiba iliyokamilika yaweza kutanguliwa. Njia ni mbili tu.

Njia ya kwanza ni mapatano. Mtoaji na mpewa waweza kupatana kwamba jambo fulani likitokea, hiba itavunjika. Mapatano hayo ni lazima yawe ya pande zote mbili. Haitoshi mtoaji kuwa na nia hiyo moyoni mwake. Jambo lenyewe ni lazima litajwe wazi. Tena ni lazima liwe jambo lisilotegemea matakwa ya mtoaji peke yake.

Sheria yenyewe yatoa mfano. Mtu ampa mwenzake shamba, nao wapatana kwamba ikiwa mpewa na uzao wake wote watakufa kabla ya mtoaji, shamba litarudi. Mpewa akifa bila kuacha mtoto, naye mtoaji yu hai, basi mtoaji aweza kulitwaa shamba lake. Mfano mwingine usiotoka katika sheria hiyo ni wa mtu atoaye kiwanja ili pajengwe shule, na hati yasema kwamba isipojengwa katika muda uliotajwa, kiwanja kitarudi kwa mwenyewe. Kujengwa kwa shule hakutegemei hiari ya mtoaji, basi sharti hilo husimama.

Lakini mtu akisema, “Nakupa shamba hili, nami nitalitwaa siku nitakayopenda,” hiyo si hiba. Sheria yasema kwamba hiba iwezayo kuvunjwa kwa matakwa matupu ya mtoaji ni batili, yote au kwa sehemu ile iliyofungwa hivyo. Mtu akitoa laki moja ya rupia, naye akajiwekea haki ya kutwaa rupia 10,000 wakati wowote apendapo, hiba ni halali kwa rupia 90,000, na zile 10,000 zabaki kuwa zake.

Njia ya pili ni ile itumikayo kuvunja mkataba wowote. Ikiwa mtoaji alitiwa sahihi kwa nguvu au kwa vitisho, au alidanganywa, au mtu aliyekuwa na mamlaka juu yake alimshurutisha kwa namna isiyo ya haki, mahakama yaweza kuibatilisha hiba. Mzee asiyejua kusoma ambaye ameambiwa kwamba anatia alama ya kidole katika karatasi za mkopo wa mbegu, kumbe ni hati ya kuhamisha shamba, ana njia hii.

Nje ya njia hizo mbili, hiba haivunjiki. Utovu wa shukrani peke yake si sababu. Mtoto aweza kuwa mkaidi, mlevi na mwenye matusi, naye akabaki na ardhi.

AHADI NA SHARTI SI KITU KIMOJA

Hapa pana jambo ambalo huwapotosha hata watu waliosoma. Ahadi ni neno la mtu kwamba atafanya jambo fulani. Sharti la kutangua ni mapatano kwamba jambo hilo lisipofanyika, mali itarudi. Mtoto aliyesema, “Baba, nitakutunza,” ametoa ahadi. Mtoto aliyetia sahihi kwamba, “Nisipomtunza baba, shamba hili litarudi kwake,” amekubali sharti. Sheria ile ya 1882 yasema wazi kwamba kule kukosa kupata malipo au faida iliyotarajiwa hakutoshi kuvunja hiba. Basi anayetegemea ahadi peke yake amesimama juu ya mchanga.

Kadhalika si kila sharti hukubaliwa. Sharti la kumkataza mpewa asiuze ardhi kabisa, milele, ni batili chini ya sheria hiyo. Ardhi hubaki kwa mpewa na sharti huanguka.

MTU WA TATU

Hata sharti likiwa halali, liko hatari nyingine. Mpewa aweza kuiuza ardhi kabla sharti halijavunjika. Ikiwa mnunuzi alilipa fedha zake kwa nia njema, wala hakuwa na habari za sharti lile, sheria humlinda. Mtoaji atabaki kumdai mwanawe fedha, lakini shamba limekwenda. Ndiyo sababu sharti lisiloonekana mahali popote ambapo mnunuzi angeweza kuliona ni dhaifu, hata likiwa limeandikwa vizuri namna gani na kufungiwa sandukuni.

HIBA KWA WAISLAMU

Sheria ya 1882 haikuingilia kanuni za Kiislamu juu ya hiba. Kwa Waislamu hiba hukamilika kwa mambo matatu: mtoaji kutamka kwamba atoa, mpewa kukubali, na mali kukabidhiwa mikononi mwake. Kabla ya kukabidhiwa, mtoaji aweza kurudi nyuma. Baada ya kukabidhiwa, madhehebu hutofautiana. Katika madhehebu ya Shafii, ambayo ndiyo ya Waislamu wengi wa pwani ya Afrika ya Mashariki, aliyetoa hawezi kuirudisha, ila mzazi, babu au bibi aliyempa mtoto au mjukuu wake, nayo mali ingali katika milki ya huyo aliyepewa. Ikiisha kuuzwa, mlango umefungwa.

DESTURI ZA ZAMANI NA DAFTARI LA ARDHI

Wako wanaouliza kwa nini wazee wa zamani waliweza kutoa shamba na kulirudisha bila shida. Jibu ni kwamba mara nyingi hawakutoa milki. Kwa Wakikuyu, kwa mfano, mtu aliyepewa mahali pa kulima katika ardhi ya ukoo wa wengine aliitwa muhoi. Alilima, akajenga na kula mazao, lakini ardhi ilibaki ya ukoo, na mapatano yakiharibika aliweza kuambiwa aondoke. Alichopewa kilikuwa ruhusa ya kutumia.

Mambo yaligeuka ardhi ilipoanza kupimwa na kusajiliwa katika miaka ya 1950. Kuandikwa jina katika daftari si ruhusa ya kutumia. Ni kumilikishwa. Mzee anayemtia mwanawe katika daftari kwa mawazo ya muhoi atakuta kwamba daftari halijui mawazo hayo.

Hata hivyo mahakama hazikuifuta desturi yote. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu ya Kenya iliamua kwamba amana ya kimila juu ya ardhi humfunga mwenye kusajiliwa, hata kama haikuandikwa katika daftari. Basi mtu aliyesajiliwa kwa niaba ya jamaa yake yote hawezi kuwafukuza kwa kuonyesha hati miliki tu. Lakini anayedai amana ni juu yake kuithibitisha kwa ushahidi, na hiba iliyotolewa wazi kwa mtu mmoja si amana.

HALI ILIVYO KENYA

Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya mwaka 1963, iliyotumika katika sehemu zilizopimwa na kusajiliwa chini yake, haikufuata sheria ya Kihindi. Ilitaka uhamisho ufanye kazi mara moja, nalo sharti la kukatiza haki ya mpewa siku jambo fulani litakapotokea lilikuwa batili. Hivyo kwa miaka mingi watu wawili wenye hati za maneno yale yale waliweza kupata majibu mbalimbali, kwa kuwa shamba la mmoja liliandikwa katika daftari la namna hii na la mwenziwe katika daftari la namna ile.

Mwaka 2012 sheria hizo mbili zilifutwa kwa Sheria ya Usajili wa Ardhi. Sheria mpya haikukirudia kifungu 126. Lakini haki zilizopatikana kabla ya sheria mpya kuanza huendelea kufuata sheria ya wakati wake, isipokuwa pale sheria mpya iliposema vingine. Kwa hiyo mtu mwenye shauri juu ya hiba ya zamani hana budi kutazama kwanza mambo mawili: tarehe ya hiba, na sheria ambayo shamba lake lilisajiliwa chini yake.

Kwa hiba za sasa, hati miliki huhesabiwa kuwa ushahidi wa kutosha wa milki. Yaweza kupingwa ikiwa ilipatikana kwa hila au udanganyifu ambao mwenye hati alishiriki, au kinyume cha sheria, au bila kufuata taratibu, au kwa njia ya rushwa. Mahakama huweza pia kutumia kanuni za haki zilizopokewa kutoka Uingereza, ambazo hukataa hiba iliyopatikana kwa kumshurutisha mtu dhaifu. Sheria yasema vilevile kwamba aliyepata ardhi bila kulipa huishika pamoja na haki zote za watu wengine zilizomfunga aliyempa, hata zile zisizosajiliwa.

Tena hiba yaweza kuanguka kwa sababu nyingine. Ardhi ya kilimo katika maeneo yanayosimamiwa na Bodi za Kudhibiti Ardhi haihamishwi bila idhini ya Bodi. Uhamisho usio na idhini ni batili. Na chini ya Sheria ya Mali ya Ndoa ya mwaka 2013, katika ndoa ya mke mmoja, mali ya ndoa haitolewi hiba bila idhini ya mume na mke wote wawili. Mke ambaye shamba la ndoa limetolewa bila yeye kukubali ana haki ya kwenda mahakamani, hata kama mumewe hakujuta.

Wako pia wanaotoa ardhi wakiwa wagonjwa, wakidhani kwamba wakipona itarudi yenyewe. Sheria ya Urithi ya Kenya yaitambua hiba ya namna hiyo, itolewayo kwa kuhofia kifo, nayo hurudi mtoaji akipona. Lakini hiba hiyo ni ya mali inayohamishika, kama ng’ombe, fedha au vyombo. Ardhi haimo.

MASHAURI MAWILI YA INDIA

Nchini India malalamiko ya wazee yalikuwa mengi hata Bunge likatunga sheria mwaka 2007 juu ya matunzo ya wazazi na wazee wenye miaka 60 na zaidi. Sheria hiyo yasema kwamba mzee akihamisha mali yake, kwa hiba au kwa njia nyingine, kwa sharti kwamba mpokeaji atampatia mahitaji yake ya lazima, na mpokeaji akakataa au akashindwa, uhamisho utahesabiwa kuwa ulipatikana kwa hila au kwa shuruti. Mzee akitaka, baraza maalumu laweza kuutangaza kuwa batili.

Mashauri mawili yaliyofika Mahakama ya Juu ya India yaonyesha namna sheria hiyo inavyofanya kazi. Mwezi Desemba 2022 mama mmoja aliyewaachia binti zake ardhi alishindwa. Mahakama ilisema kwamba haikuonyeshwa kuwa uhamisho ule ulikuwa na sharti la matunzo. Na mzazi anapompa mtoto mali kwa mapenzi, sharti halidhaniwi tu. Tarehe 2 Januari 2025 mama mwingine, wa jimbo la Madhya Pradesh, alishinda. Alikuwa amempa mwanawe mali kwa hiba mwaka 2019. Pamoja na hati ya hiba palikuwa na karatasi ya ahadi, iliyosema kwamba mtoto atawatunza wazazi mpaka mwisho wa maisha yao, na asipofanya hivyo mama atakuwa na haki ya kuirudisha mali. Hiba ilibatilishwa, na mama akaamriwa arudishiwe mali yake.

Mama wote wawili walikuwa wazee, na wote wawili walilalamika kwamba hawakutunzwa. Tofauti iliyoamua ni kuwapo kwa sharti lililothibitishwa.

Katika Kenya, Katiba ya mwaka 2010, kifungu 57, yawapa wazee haki ya kupata matunzo na msaada wa kadiri kutoka kwa jamaa zao na Serikali. Ni haki kubwa. Lakini kifungu hicho hakisemi lolote juu ya kurudisha ardhi iliyotolewa hiba, na mzee asitegemee kwamba kitamrudishia shamba.

YAFAAYO KUFANYWA

Kwa hayo yote, mwenye ardhi anayetaka kumsaidia mtoto wake bila kujiweka katika hatari ana njia kadha.

Njia iliyo salama kuliko zote ni kuandika wasia. Ardhi hubaki kwa jina lake, mtoto hulima na kula, na mtoto akiharibika wasia hubadilishwa bila kwenda mahakamani.

Njia ya pili ni kumpangisha mtoto shamba kwa miaka kadha, hata kwa kodi ndogo sana. Mkataba wa upangaji waweza kuwa na masharti, na mpangaji anayeyavunja aweza kunyang’anywa upangaji kwa kufuata sheria. Milki haikuondoka.

Njia ya tatu ni kutoa sehemu tu, na kubakiza sehemu yenye nyumba, maji na shamba la kumtosha mtoaji mwenyewe.

Ikiwa mtu ameazimia kutoa ardhi yote, basi asitie sharti katika hati ya uhamisho peke yake na kudhani kwamba linatosha. Amwendee wakili aliye wake mwenyewe, wala si yule aliyeletwa na mpewa. Mapatano yaandikwe mahali pake, yatiwe sahihi na pande zote mbili siku ile ile mbele ya mashahidi, na yaseme waziwazi ni jambo gani litaivunja hiba. Neno “kutunza” halitoshi; heri kuandika chakula, makao, dawa na fedha za kila mwezi. Kisha wakili aulizwe kama haki ya mtoaji yaweza kulindwa kwa amana, au kwa kizuizi kitakachoandikwa katika daftari la ardhi, ili mnunuzi yeyote aione.

Na kwa yule ambaye ardhi imekwisha kwenda, jambo la kwanza ni kutokawia. Ikiwa ana haki ya kudai, aombe tahadhari iandikwe katika daftari kabla mpewa hajauza, kisha afungue shauri katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Madai ya kurudisha ardhi katika Kenya yana ukomo wa miaka 12, lakini mnunuzi haingojei miaka 12. Kila karatasi, kila shahidi na kila risiti ya matibabu aliyojilipia mwenyewe ihifadhiwe, kwa kuwa mahakama haitaamua kwa machozi ya mzee wala kwa maneno ya majirani, bali kwa yale yatakayothibitishwa mbele yake.